Kulipa hela ili ukalime Vietnam: aliyekua na jembe ndo wa kwenda

Kuna maneno nimeyasikia sana tangu nirudi kutoka Vietnam, kwenye magrupu ya WhatsApp na hata nyumbani, eti mtu mzima unatoa hela yako ya jasho unapanda ndege mpaka Asia alafu ukishafika unalipa tena ili upewe jembe ukalime. Anayesema hivyo mara nyingi ni mtu wa Mbeya, Bukoba au Kisii, aliyepalilia mahindi kabla ya kwenda shule tangu yuko darasa la pili, na kwake shamba la kulipia ni jambo la wazungu ambao hawajawahi kuona mche wa mpunga. Namuelewa kabisa. Ila mimi naona ni kinyume, na nitalisema wazi: ile siku moja ya kushinda kijijini na wakulima wa Vietnam inamfaa zaidi mtu aliyekua na jembe kuliko mtu wa ghorofani, kwa sababu aliyekua na jembe anajua pa kuangalia. Mtalii wa kawaida anaona kijani tu. Wewe utaona upana wa tuta, utaona maji yanatoka wapi, utaona nani analima na nani hayupo.

Mimi nilienda Trà Quế, kijiji cha mboga kama kilomita 3 hivi kutoka mji mkongwe wa Hội An, katikati ya Vietnam. Hội An wengi wanaijua kwa taa zake na nyumba za njano, UNESCO iliuweka mji huo kwenye urithi wa dunia mwaka 1999, na watalii ni wengi mno mpaka jioni njia hazipitiki. Unakodi baiskeli asubuhi na mapema, unatoka mjini, baada ya muda mfupi uko katikati ya mashamba ya mpunga, unaendelea kidogo unaingia kwenye bustani. Kijiji kimezungukwa na mto na ziwa dogo, eneo la mboga lenyewe ni kama hekta 18 tu na linalimwa na familia zaidi ya 200. Mwaka 2024 shirika la utalii la Umoja wa Mataifa lilikiweka kwenye orodha yake ya vijiji bora vya utalii duniani, kwa hiyo sio siri tena, usitegemee utakuwa peke yako.

Unapokelewa, unapewa ile kofia ya majani yenye ncha (wengi wanadhani ni ya kupigia picha ila subiri jua la saa tatu), alafu unapewa jembe. Hapo ndo tofauti inaanza. Udongo wa Trà Quế ni kichanga, kichanga haswa, kama wa Mkuranga au Kilifi, udongo ambao sisi wa pwani tunausema haufai mboga mpaka uushibishe kwa samadi malori na malori. Wao wamelima mboga pale kwa karne kadhaa. Siri yao kubwa ni magugu yanayoota chini ya maji, kwenye ule mto na lile ziwa dogo, wanayavuta kwa mtumbwi, wanayaacha yanyauke, alafu unachimba mfereji kwenye tuta unayalaza humo chini na kufukia, ndo unasawazisha kwa reki na kupanda miche juu yake. Magugu yanaoza taratibu, yanalisha mboga na yanashika maji ambayo mchanga peke yake ungeyaachia yote. Bibi mwenye shamba, mama wa miaka sitini na kitu hivi, aliniambia kupitia kwa kijana aliyekuwa anatutafsiria kwamba mboga iliyolelewa kwa magugu hayo hata harufu yake ni nyingine, na wapishi wa mjini wanaijua kwa kunusa tu.

Nilisimama pale na jembe mkononi nikawa nawaza Ziwa Victoria. Najua gugumaji sio mmea ule ule na najua lina matatizo yake, ila Kisumu na Mwanza tumehangaika nalo miaka na miaka kama adui, mikutano, mitambo, miradi, na wakulima wa mboga wa pembeni ya ziwa bado wananunua mbolea ya dukani. Kuna watu wamejaribu kulifanyia mboji, nawapa heshima zao, lakini bado halijawa mazoea ya mkulima wa kawaida. Hilo ni wazo ambalo mzungu aliyekuwa tuta la jirani hawezi kulipata hata akae pale mwezi mzima.

Baada ya kupanda unamwagilia. Wanatumia keni mbili kubwa zenye midomo mipana, moja kila upande wa mti unaobebwa begani, yaani mzega ule ule wa wauza maji wa zamani wa mwambao. Unatembea katikati ya matuta mawili unainamisha zote kwa pamoja na maji yanatoka kama mvua laini, bibi anapita kwa mwendo wa kawaida kabisa bila hata tone kuanguka kwenye njia. Ni kazi nzito jamani. Ule mchanga unataka maji asubuhi na jioni, kwa hiyo ukilifikiria bega la mtu aliyefanya hivyo toka utotoni unaelewa kwa nini sasa hivi sehemu kubwa ya bustani ina mabomba na vinyunyizio, na mimi nafurahi vipo. Kuna wageni niliowasikia wakilalamika kwamba vile vinyunyizio vinaharibu uasili. Hapana, kwa kweli hilo linaniudhi. Mkulima hana deni la kubeba maji begani mpaka afe ili picha yako ipendeze.

Kilichonikalia kichwani zaidi ni ukubwa wa eneo. Ukimuuliza mkulima wa Vietnam shamba lake lina ukubwa gani anakutajia kwa sào, na sào ya hapo katikati ya nchi ni mita za mraba 500 (ya kaskazini upande wa Hanoi ni 360), maana yake ekari yetu moja ina sào nane. Familia niliyokuwa nayo ina sào mbili na kitu. Robo ekari! Na hawaachi kipande hata cha mkeka, tuta hili lina saladi ya kuvunwa kesho, la pili lina miche ya wiki iliyopita, la tatu limetoka kufukiwa magugu, pembeni vitunguu majani, pembezoni kabisa mchaichai. Kila siku kuna kitu cha kuuza na kila siku kuna kitu cha kupanda. Sisi mtu ana ekari tano analima mara moja kwa mwaka akisubiri mvua, alafu anasema hana ardhi. Najua hali ya hewa ni tofauti na maji ni tofauti, ila bado.

Na hapa lazima niseme kidogo historia maana bila hiyo unaona bustani tu. Baada ya vita kuisha mwaka 1975 serikali ilipanua kilimo cha ushirika mpaka kusini, mashamba ya pamoja, mtu analipwa kwa pointi za kazi aliyofanya, na chakula kikawa haba mpaka nchi inaagiza mchele kutoka nje. Kabla ya hapo, kule kaskazini, kiongozi wa chama wa mkoa wa Vĩnh Phúc aitwaye Kim Ngọc alishajaribu mwaka 1966 kuwakabidhi wakulima mashamba kwa familia, mavuno yakapanda, lakini wakubwa wakaisimamisha ile kazi na yeye akakosolewa hadharani. Alifariki 1979 kabla hajaona nchi ikirudi kwenye wazo lake. Mageuzi ya uchumi yanayoitwa Đổi Mới yalitangazwa 1986, mwaka 1988 likatoka azimio namba 10 lililorudisha shamba mikononi mwa familia, na 1989 Vietnam ikauza nje mchele zaidi ya tani milioni moja. Mwaka mmoja baada ya azimio. Mwaka 2024 waliuza nje takriban tani milioni 9.

Mtu yeyote aliyesikia wazee wakisimulia vijiji vya ujamaa na Operesheni Vijiji ya miaka ya 1970 hawezi kusikia hadithi hiyo akabaki baridi. Mpaka leo ardhi yao ni mali ya wananchi wote chini ya dola, kama kwetu Tanzania ilivyo mali ya umma na Rais ndo mdhamini, lakini familia ina hati ya kutumia, watu wanaiita kitabu chekundu, na kwa shamba la mazao ya msimu muda wake ni miaka 50. Kijana wetu mtafsiri alieleza haya harakaharaka maana wageni wengine walikuwa wanataka kwenda kupanda nyati. Mimi ningekaa hapo saa nzima.

Nyati sasa. Kwenye hizi ziara za siku moja karibu kila mpangaji anaweka nyati wa kufugwa, unapanda mgongoni, unapigwa picha, wengine wanakuwekea na plau ya mti uzunguke kwenye tope. Mimi naona hiyo ndo sehemu dhaifu kuliko zote na ningeomba waiondoe. Kwenye mashamba ya pembeni nilipita na baiskeli nikaona trekta ndogo za mkono na mashine ya kuvuna, nyati aliyekuwa analima kweli ni wachache sana upande ule. Yule wa kupandwa anasimama juani akisubiri mgeni mwingine. Haongezi chochote kwenye unachojifunza.

Ile sehemu ya mpunga nayo ina mambo yake. Unaingizwa kwenye jaruba, unafundishwa kupandikiza miche kwa mstari huku unarudi nyuma, watu wa Kyela, Kilombero na Mwea hamna haja ya kufundishwa hilo. Ila ukiinua macho uone majirani wanafanya nini utagundua hawapandikizi. Wanaotesha mbegu, wanasawazisha tope mpaka linakuwa kama kioo, wanatoa maji alafu wanatawanya mbegu zilizochipua moja kwa moja. Inaokoa watu wa kazi, na watu wa kazi ndo hawapo. Nilimuuliza kijana, akakubali mara moja, akasema kupandikiza wanawaonesha wageni kwa sababu ndivyo bibi zao walivyofanya, akaanza kunieleza tofauti ya mbegu wanazotumia na wanavyopambana na magugu wasipopandikiza, na mazungumzo yakawa ya kikulima kweli. Ndo maana nasema, uliza. Ukiwa unajua kilimo unafunguliwa mlango ambao wengine hawaoni kama upo.

Kitu kimoja cha zamani kilichonifurahisha bila wasiwasi wowote ni ndoo ya kumwagilia ya watu wawili. Ndoo imefungwa kamba nne, mmoja anashika mbili upande huu mwenzake mbili upande ule, mnaichota kwenye mfereji wa chini mnaitupa maji yake kwenye jaruba la juu kwa kuvuta na kulegeza kwa pamoja. Mkikosana sekunde moja inakuja tupu. Haina injini, haina mafuta, na watu wawili waliozoeana wanajaza jaruba. Kupeta kwa ungo na kutwanga kwenye kinu sisi tunajua, na bibi alipoona ninavyopeta akacheka akaita jirani yake aje kuona, wakaanza kuniuliza kwetu tunalima nini, nikawaambia mpunga, muhogo, korosho. Korosho ikawaamsha! Vietnam ni moja ya nchi zinazonunua sana korosho ghafi za Tanzania, zinabanguliwa kwao na kuuzwa tena duniani, na pale mezani kulikuwa na bakuli la korosho. Sijui zilitoka wapi zile, lakini nilizila nikiwaza Mtwara na viwanda vyetu vya kubangua vilivyofungwa.

Mchana mnapika mlichochuma. Mchele uliolowekwa unasagwa kwa maji kwenye jiwe la kusagia lenye mpini, unapata uji mweupe, unatiwa manjano, unamiminwa kwenye kikaango cha moto na kamba wabichi na machipukizi ya choroko. Inaitwa bánh xèo na kwa mtu wetu nitasema ni chapati ya maji iliyokauka mpaka inalia ukiivunja. Unaikunja na majani mabichi kwenye karatasi laini ya mchele, ile inayoliwa, unachovya kwenye mchuzi wa samaki wenye ndimu na pilipili. Majani ndo kila kitu. Kuna rehani, kuna nanaa, kuna kotmiri, kuna nderema ambayo kwetu wengi wanaiacha iote uani tu, kuna jani la zambarau linaitwa tía tô, na kuna diếp cá ambalo linanuka samaki mbichi na sikulipenda hata kidogo. Ndugu zangu Waislamu, semeni mapema kabisa kwamba hamtaki nguruwe, siku ile ile ya kupanga na sio mezani, kwa sababu mapishi mengi ya pale yanaweka nguruwe pamoja na kamba, na wakijua mapema wanafanya bila shida. Waulizeni na kikaango kama kimepikiwa nguruwe.

Kinywaji chao ni maji ya ndimu na sukari yenye mbegu za rehani zilizovimba. Baridi. Baada ya jua lile sitaki kusema zaidi.

Sasa hela. Hili linanigusa na nadhani ndo liwe swali la kwanza la mtu yeyote anayetaka kufanya ziara kama hii, huko au kwetu. Ukinunua kupitia hoteli, sehemu nzuri ya hela inabaki kwa hoteli na kwa mpangaji wa ziara na bibi anapata kidogo. Ukienda mwenyewe na baiskeli ukaongea na familia, unalipa wao na unakula kwao. Kinachonifanya niiheshimu Trà Quế ni kwamba mgeni ni nyongeza. Mboga zinatoka alfajiri kwenda soko la Hội An na kwenye mahoteli mgeni awepo asiwepo, na wakati wa korona utalii ulipokufa mji mzima matuta yalikuwa bado yanalisha watu. Kwetu ziara za mashamba ya viungo Unguja zimesaidia vijana wengi kupata riziki na sizidharau, ila yapo mashamba mengine yamebaki kuwa ya kuonesha tu, mti mmoja wa mdalasini, mmoja wa karafuu, kofia ya makuti, kwaheri. Programu ya utalii wa kitamaduni iliyoanza Tanzania miaka ya 1990, ile ya Mto wa Mbu na kwingine, wazo lake lilikuwa karibu zaidi na hili, mgeni apite kwenye shamba la kweli la migomba na mpunga. Hiyo ndo ningependa ikuzwe.

Na kuna jambo linaloumiza. Siku nzima sikuona kijana anayelima. Walikuwa wa kutafsiri, wa kupika, wa kupiga picha, lakini jembe limeshikwa na watu wa umri wa mama yangu. Watoto wa yule bibi wanaishi jijini Da Nang, mmoja kiwandani, mmoja ofisini. Utalii umewarudisha wachache kijijini, kama yule kijana wetu, lakini umewarudisha kwenye maneno ya kilimo kuliko kilimo chenyewe. Nilimuuliza kama atachukua matuta ya bibi. Akasema anafikiria, alafu akanyamaza, na mimi sikumsukuma.

Kwa anayetaka kwenda: Vietnam sasa inatoa visa ya mtandaoni kwa raia wa nchi zote, mpaka siku 90, toka Agosti 2023. Chagua miezi ya Februari mpaka Agosti, maana kuanzia mwisho wa Septemba ni mvua na Hội An inafurika mara kwa mara, bustani nazo zinalala chini ya maji. Fika saa 12 asubuhi au subiri saa 9 alasiri, katikati hapo ni jua tupu na wakulima wenyewe wako ndani wamepumzika. Wakikuuliza umri kabla hata ya jina usikasirike, wanataka kujua wakuite dada, shangazi au mdogo wao, sisi tuliolelewa na shikamoo hilo halitupi shida.

Ningekuwa na uwezo ningepeleka kule vikundi vya wakina mama wa mboga, wale wa mabonde ya Dar wanaolima mchicha na matembele, na wale wa Lushoto wanaoshusha kabichi na karoti Kariakoo. Vikundi vinachanga hela vinaenda Dubai kununua vitenge na vyombo, ni sawa, lakini kikundi kimoja tu kingeenda pale kingerudi na maswali ambayo mimi sikuwa na akili ya kuyauliza: magugu ya maji yanafukiwa mara ngapi kwa mwaka, wadudu wa saladi wanawaua na nini, mboga ikikosa soko mchana inaenda wapi, na bei ya alfajiri anaipanga nani, mkulima au mwenye pikipiki.